DAI LA KODI LINGOJE HUKUMU

Katika kurasa hizi tumekwisha andika mara nyingi juu ya mishahara, likizo na nyumba za watumishi, nayo ni mambo ya haki kuandikwa, maana mtumishi naye ana tumbo na ana watoto. Leo twaomba ruhusa yenu tuseme neno ambalo halituhusu mfukoni, bali latuhusu kalamuni. Ni khabari ya kodi anayodaiwa mtu ambaye amekwisha peleka pingamizi au rufani yake, naye angoja jibu. Je, katika siku zile za kungoja, yafaa mkono wa kudai uendelee kumshika, ama usimame kwanza mpaka shauri lake liamuliwe? Sisi twasema usimame. Tutaeleza kwa nini, na mwanachama asiyekubaliana nasi atapewa nafasi yake katika toleo lijalo, kama ilivyo desturi yetu.

Tusifahamike vibaya. Hatuandiki kuwatetea wakwepao kodi. Mshahara wetu sisi watoka katika kodi, na dawa katika zahanati, na chaki anayoandikia mwalimu. Mtu akilijua deni lake, na alilipe, tena mapema. Maneno yetu ni juu ya yule asemaye, "Kiasi hiki nakikiri, lakini kile si changu, nisikizeni." Mtu huyo hakukataa kulipa. Amekataa hesabu, na kukataa hesabu si kosa, maana hesabu hufanywa na wanadamu kama sisi, nasi twajua jinsi tarakimu zinavyoweza kupotoka jioni ya mwisho wa mwezi.

Tulimwona mwanamke mmoja, mfanya biashara wa vitenge, aliyefika katika ofisi moja ambayo hatutaitaja. Alikuwa amepelekewa makadirio makubwa kuliko biashara yake. Akaandika pingamizi kwa hati nzuri, akaambatanisha stakabadhi zake zote, akaomba na kupunguziwa fedha za kuweka, akaleta vyote kabla ya muda kwisha. Karani akapokea, akapiga muhuri na tarehe, akamrudishia nakala. Mpaka hapo hakuna aliyekosa. Barua ikatiwa katika faili, na faili likawekwa katika kabati la chumba cha kwanza. Sasa, katika chumba cha tatu, alikuwako karani mwingine, mwenye daftari la madeni, na katika daftari lile jina la mama yule lilikuwa lingali limeandikwa kuwa ni mdaiwa aliyepitisha siku. Karani wa chumba cha tatu naye alifanya kazi yake kama alivyofundishwa: akatayarisha barua kwa benki, mkubwa wake akatia sahihi, na fedha zilizokuwamo zikachukuliwa. Zilikuwa zimebaki wiki mbili kufika Idi, wakati ambao muuza nguo hununua mali kuliko wakati wowote wa mwaka.

Mama akarudi na nakala yake yenye muhuri. Akauliza kwa upole, "Wanangu, karatasi hii mliyonipa ni ya nini?" Hapakuwa na aliyeweza kumjibu.

Baadaye pingamizi lilisikizwa, ikaonekana kwamba sehemu kubwa ya mauzo yake ilihesabiwa mara mbili. Akapewa barua ya kumpa haki yake. Lakini Idi ilikuwa imekwisha pita, wateja wake wamehamia kwa wengine, na fedha hazikurudi mkononi mwake; aliambiwa zitahesabiwa katika kodi zake za mbele. Kodi za mbele za biashara ipi?

Tutazame sasa sheria ilivyotungwa, maana wengi hulaumu bila kusoma. Sheria ya Usimamizi wa Kodi ya Tanzania, ya mwaka 2015, ilimpa mtu asiyeridhika siku 30 tangu kupokea uamuzi, ili apeleke pingamizi kwa Kamishna Mkuu. Ikaweka sharti: pingamizi halitapokewa mpaka mtu alipe kile kiasi asichokibishia, au theluthi ya kodi yote iliyokadiriwa, kile kilicho kikubwa zaidi. Akiisha kulipa hicho, dai la kiasi kilichobaki husimama mpaka pingamizi liamuliwe. Tena sheria ile ile ikampa Kamishna Mkuu uwezo wa kupunguza theluthi ile, au kuisamehe kabisa, akiona sababu njema. Kwa hiyo mtu asiseme kwamba sheria yetu haijui kusimamisha dai. Yajua sana, ila inauza.

Tuchukue mfano tuone bei yake. Mwenye duka amekadiriwa shilingi 30,000,000. Yeye, kwa hesabu zake, akiri shilingi 6,000,000. Theluthi ya makadirio ni shilingi 10,000,000, nayo ni kubwa kuliko anachokiri, basi yampasa atoe milioni 10. Yaani ametoa milioni 4 zaidi ya deni analolijua, kabla mtu yeyote hajafungua faili lake kusoma. Sasa tufanye kwamba mkadiriaji alikosea zaidi, akaandika milioni 60 kwa duka lile lile. Theluthi imekuwa milioni 20. Mwenye duka hajabadilika, rafu zake hazikuongezeka, deni analokiri ni lile lile la milioni 6. Lakini kilango cha kuingilia kusikizwa kimekuwa ghali mara mbili. Wasomaji waangalie sana neno hili, kwa kuwa ndilo kiini cha shauri letu: kosa la ofisi likizidi kuwa kubwa, ndivyo inavyozidi kuwa vigumu kwa mtu kuomba lisahihishwe. Aliyeonewa kidogo aweza kupiga hodi. Aliyeonewa sana huachwa nje.

Na huyo anayepiga hodi apiga kwa nani kwanza? Kwa Kamishna Mkuu yule yule ambaye ofisi yake ilitoa makadirio. Hatusemi kwamba maafisa wake hawana insafu. Tunao tunaowajua, nao hurudi nyuma wakioneshwa kosa. Lakini mtu wa mtaani akumbuka kesi ya nyani iliyopelekwa kwa ngedere, wala hatuwezi kumlaumu. Ni kweli kwamba mbele yake ziko ngazi nyingine, chini ya Sheria ya Rufani za Kodi ya mwaka 2000: Bodi ya Rufani za Kodi, kisha Baraza la Rufani za Kodi, na juu kabisa Mahakama ya Rufani. Ngazi hizo ni sifa kwa nchi. Lakini ngazi yafaa nini kwa mtu aliyekatwa miguu katika daraja la kwanza?

Watakuja watu waseme kwamba ndivyo dunia nzima ilivyo, serikali hulipwa kwanza na maneno baadaye. Si hivyo. Hapa jirani, Kenya, sheria yao ya taratibu za kodi, nayo ya mwaka 2015, ilimtaka mwenye pingamizi alipe kiasi anachokikiri, theluthi haimo. Katika mfano wetu, mwenye duka angelipa milioni 6, akasikizwa. Tena ilimfunga Kamishna kwa siku: asipotoa uamuzi ndani ya siku 60, pingamizi lahesabiwa kuwa limekubaliwa. Mwaka 2022 muswada wa fedha ulitaka kwamba atakayeshindwa katika baraza la rufani za kodi, naye ataka kwenda Mahakama Kuu, aweke kwanza nusu ya kodi inayobishaniwa. Wabunge wakaliondoa neno lile. Uganda wao wako karibu na sisi: anayepeleka shauri lake katika baraza lao hutakiwa kuweka asilimia 30 ya kodi iliyokadiriwa, au kiasi asichokibishia, kilicho kikubwa. Basi hata katika nchi hizi tatu zilizopakana, mila si moja.

Marekani walianzisha bodi ya kusikiliza rufani za kodi mwaka 1924, ambayo baadaye ikawa mahakama kamili. Mtu aliyepelekewa hati ya upungufu wa kodi ana siku 90 za kuleta shauri lake mbele yake, na akilileta kwa wakati, serikali haimdai kodi ile mpaka hukumu itoke. Haweki theluthi wala robo. Lakini tusiwasifu kupita kiasi: akizipitisha siku zile 90, hana budi kulipa yote, ndipo ashitaki kurudishiwa. Na kama kuna dalili kwamba mtu aficha mali au ataka kutoroka, sheria yao yaruhusu kumkamata upesi.

Mfano unaotupendeza zaidi ni wa Afrika Kusini, kwa sababu wao walianza pale pale tulipo sisi. Kanuni yao ni ya kulipa kwanza na kubishana baadaye, na mwaka 2000 Mahakama yao ya Katiba, katika shauri la kampuni ya Metcash, ilisema kwamba kanuni hiyo haivunji katiba. Basi, mtu angetazamia kwamba mambo yangeishia hapo. Hayakuishia. Sheria yao ya mwaka 2011 iliiacha kanuni mahali pake, lakini ikamruhusu mlipaji aombe dai lisimamishwe, ikawaandikia maafisa mambo ya kutazama: kama kuna hatari ya mali kupotea, kama mtu huyo hulipa vizuri kwa desturi, kama pana udanganyifu, kama kumdai sasa kutamletea madhara yasiyorekebika, kama aweza kutoa dhamana. Na juu ya hayo ikaweka neno moja ambalo sisi makarani twapaswa kulitia wino mwekundu: tangu siku ofisi inapopokea ombi, mpaka siku 10 za kazi baada ya kutoa jibu, hakuna kumdai mtu huyo, isipokuwa pana sababu ya kuamini kwamba atapoteza mali. Ombi lenyewe, kwa kupokewa tu, lasimamisha mkono. Mama yetu wa vitenge angekuwa Durban, karatasi yake yenye muhuri ingekuwa ukuta.

Sasa tuwajibu wapinzani wetu, nao wana maneno yenye uzito. Wasema kwamba kila mdaiwa atakata rufani ili apate kukaa na fedha. Hofu hiyo si ya bure, maana wako watu hodari wa kuchelewesha, na mawakili wao. Lakini kuchelewa hakuji bila gharama, kwa kuwa sheria hutoza riba juu ya kodi iliyochelewa kulipwa, na mwenye pingamizi la uongo atakuja kulipa deni pamoja na riba yake. Tena, theluthi haimzuii mjanja tajiri. Yeye anayo theluthi. Ataiweka, atakaa na theluthi mbili miaka mitatu, huku wakili wake akiomba tarehe baada ya tarehe. Anayezuiwa ni yule ambaye fedha zake zote zimo rafuni katika sukari, sabuni na mafuta ya taa. Ikiwa twatafuta wavu wa kuwanasa wajanja, wavu huu wanasa dagaa na kuacha papa.

Wasema pia kwamba Serikali yahitaji fedha leo. Hospitali haiwezi kungoja Bodi ikutane. Ni kweli, nasi wenyewe twajua mwezi wa mshahara kuchelewa ulivyo. Lakini fedha zilizochukuliwa kwa makosa si mapato, ni mkopo usio na ridhaa, na siku moja itabidi zirudishwe. Kijana mmoja wa hesabu alituambia kwamba hapendi kuandika katika vitabu vyake kiasi ambacho hajui kama ni mali ya Serikali au ni amana ya mtu. Tulicheka, lakini alisema kweli.

Neno la tatu hawalisemi kwa sauti, nalo ni kwamba mkulima na mfanya biashara mdogo hawajui sheria, basi hawana haja ya kuelezwa. Hili hatulijibu ila kwa kukumbusha tulikotoka. Wadachi walipoweka kodi ya nyumba katika nchi hii mwaka 1897, ikianzia rupia 3, mhesabu nyumba alikuja na watu wenye silaha, na asiye na rupia alipelekwa kufanya kazi. Chini ya Waingereza kodi ya nyumba na ya kichwa iliendelea, na mzee asiyejiweza aliweza kusamehewa, lakini msamaha ule ulikuwa hisani ya Bwana Shauri: akiamka vizuri, umepona. Makarani Waafrika waliokutana Tanga mwaka 1922 na kuunda chama chao, Martin Kayamba akiwa kiongozi, wengi wao waliishi kwa kalamu ya Serikali kama sisi, nao walijua tofauti iliyopo kati ya hisani na haki. Hisani huombwa kwa kuinama, na haki huandikwa katika daftari. Kusamehewa theluthi, kama mambo yalivyo, bado kwafanana na hisani ya Bwana Shauri. Kumeandikwa katika sheria, lakini wananchi walio wengi hawakuambiwa kwamba kupo.

Viongozi wenyewe wamekwisha liona jambo hili. Mwezi Aprili 2021 Rais Samia Suluhu Hassan aliwaambia maafisa wa mapato waache kutumia nguvu, kufunga akaunti za wafanya biashara na kuchukua fedha zao humo. Lakini agizo si sheria, na desturi za ofisi zina mizizi. Mei 2023 wafanya biashara wa Kariakoo walifunga maduka yao wakilalamikia kodi na jinsi inavyotozwa. Juni 2024 wakafunga tena. Hatusemi kwamba kila lalamiko lao lilikuwa la haki, wala kwamba rufani ndiyo iliyokuwa kisa chao. Twasema tu kwamba mtu aliye na meza ya kusikilizwa, tena meza isiyomgharimu duka lake, huenda mezani. Asiye nayo huenda barabarani.

Basi twataka nini? Kwa Serikali twaomba mambo mawili. La kwanza, kipimo cha kuweka kiwe ni kile anachokikiri mlipaji mwenyewe, na atakayeonekana kwamba alikiri kidogo kwa hila atozwe adhabu ya hila yake. Kama jambo hilo ni zito kwa mwaka huu, basi theluthi na ibaki, lakini lije jambo la pili, ambalo halipunguzi hata senti moja katika hazina: ombi la kupunguziwa au kusamehewa theluthi, likiisha kupokewa kwa muhuri, lisimamishe kudai mpaka lijibiwe kwa maandishi, pamoja na sababu, na siku kadha za kujipanga baada ya jibu. Aliye na dalili za kutoroka na atengwe, hatumwombei.

Lakini Bunge li mbali, na kabati la chumba cha kwanza liko karibu. Tunajua wanachama wetu ambao kila siku hupokea barua za watu dirishani, na wengine ambao huandika barua za kudai, na mara nyingi hawa na wale hunywa chai pamoja saa nne bila kuambiana neno. Hakuna sheria inayomkataza karani wa pingamizi kumpelekea mwenziwe wa madeni jina na tarehe siku ile ile. Hakuna inayomkataza karani wa madeni kuuliza, kabla ya kuandika kwa benki, "Mtu huyu ana barua kwenu?" Wala hatukuona popote kwamba ni siri kumwambia mtu aliyesimama dirishani, mwenye hofu na karatasi mkononi, kwamba aweza kuomba theluthi ipunguzwe, na kwamba aandike ombi hilo mapema, asingoje. Twajua wapo wakubwa watakaosema kwamba karani hulipwa kupokea barua, halipwi kutoa mashauri. Tuliwahi kuambiwa hivyo sisi wenyewe, tena kwa ukali.

Tumemwomba Katibu aliweke neno hili katika mambo ya mkutano ujao, baada ya khabari ya nyumba. Matawi yanayotaka kusema na yatuletee maandishi yao mapema, na kama katika ofisi yenu mmekwisha anza daftari moja la pamoja kati ya pingamizi na madeni, tuleteeni namna mlivyolichora, safu ngapi na vichwa gani, tulichapishe wengine walione.